Kuhusu maasi ya Wakurdi: barua kwa sahibu yangu

Sahibu yangu mpendwa,

Baada ya salamu nyingi kwako na kwa wote nyumbani, naja kwenye swali ulilonitupia mwishoni mwa barua yako: imekuwaje Wakurdi, watu waliogawanywa kati ya Uturuki, Iran, Iraki na Syria, na walioshika silaha mara nyingi kiasi kile katika karne ya 20, wakaifunga karne hiyo bila dola yao? Jibu lako mwenyewe lilikuwa milima, kwamba watu wa milimani hawatawaliki na kwa hiyo hawawezi kuungana wakatawala. Nimelifikiria sana na sikubaliani nalo. Wakurdi wana msemo wao kwamba hawana rafiki ila milima, lakini ukifuatilia uasi mmoja mmoja utaona kwamba mlima uliwafaa pale tu serikali ya upande wa pili ilipokuwa tayari kufumba macho. Serikali hiyo ilipopatana na jirani yake, mlima uleule uligeuka mtego.

Chukua habari za Sheikh Mahmud Barzanji wa Sulaymaniyah, mji wa Wakurdi wa Iraki. Milki ya Osmani ilipoanguka, Waingereza walimfanya gavana mwishoni mwa 1918, wakidhani atawatulizia makabila. Mei 1919 akawageuka, akawatia ndani maofisa wao, na mwezi uliofuata akajeruhiwa na kukamatwa katika mpenyo wa milima wa Bazian. Arnold Wilson, ofisa Mwingereza aliyekuwa akisimamia utawala wa Iraki wakati huo, ameandika kwamba alimkuta hospitalini akikana kuwa mahakama ya kijeshi ina mamlaka ya kumhukumu. Sheikh alimsomea kwa moyo kipengele cha 12 kati ya vile 14 vya amani vya Rais Wilson wa Marekani (si huyu ofisa), pamoja na tamko la Uingereza na Ufaransa la Novemba 1918 lililowaahidi watu waliotoka chini ya Waturuki kujichagulia serikali. Tafsiri ya Kikurdi ya maneno hayo ilikuwa imeandikwa kwenye kurasa tupu za msahafu na kufungwa mkononi mwake kama hirizi. Nimesoma mengi juu ya vita vile, lakini hakuna lililoniganda akilini kama hirizi hiyo, kwa sababu nusu ya historia ninayokuandikia ni habari za karatasi walizoziandika wengine. Alihukumiwa kifo, adhabu ikapunguzwa, akahamishiwa India, kisha mwaka 1922 akarudishwa kwa kuwa Waingereza walimhitaji dhidi ya Waturuki. Novemba mwaka huo akajitangaza mfalme wa Kurdistan, na haukupita muda ndege za Uingereza zikawa zinaudondoshea mji wake mabomu.

Wakati huohuo, karatasi nyingine mbili zilikuwa zimetiwa saini Ulaya. Mkataba wa Sèvres wa Agosti 1920, katika vipengele vya 62 hadi 64, uliwapa Wakurdi utawala wa ndani na nafasi ya kuomba uhuru. Mkataba wa Lausanne wa Julai 1923, uliochukua mahali pake baada ya Mustafa Kemal, kiongozi wa Waturuki, kushinda vita, haukuwataja hata kwa jina.

Upande wa Uturuki, maasi makubwa yalikuwa matatu. Sheikh Said, shekhe wa tarika ya Naqshbandi, aliinuka Februari 1925, chini ya mwaka mmoja tangu Ankara ifute ukhalifa, na watu bado wanabishana kama alipigania dini au taifa. Kwa maoni yangu ubishi huo hauna faida. Maofisa Wakurdi wa jumuiya ya siri ya Azadi walitaka taifa, naye shekhe alikuwa na wafuasi walio tayari kufa, basi kila upande ukamhitaji mwenziwe. Walichokosa ni wenzao, maana makabila ya Khormek na Lolan, ya madhehebu ya Kialevi yaliyo karibu na Ushia, yaliogopa utawala wa mashekhe wa Kisunni na yakapigana upande wa serikali. Wafaransa nao, wenye Syria mkononi, waliruhusu askari wa Kituruki wapite kwa reli ya huko. Sheikh Said alinyongwa Diyarbakır tarehe 29 Juni 1925 pamoja na wenzake zaidi ya 40. Kisha ukaja uasi wa mlima Ararat, chini ya Ihsan Nuri, ofisa wa zamani wa jeshi la Osmani, ambao ulidumu hadi 1930 kwa kuwa mteremko wa mashariki ulikuwa ardhi ya Iran na waasi walipitishia chakula huko. Waturuki waliubana mlima kwa kuvuka mpaka wenyewe, na mwaka 1932 Iran ikakubali kubadilishana ardhi, Ararat Ndogo ikawa ya Uturuki.

Ya Dersim ya 1937 na 1938 nasita hata kuyaita uasi. Sheria ya kuliweka jimbo lile chini ya gavana mwenye mamlaka ya kijeshi, na kulibadilisha jina kuwa Tunceli, ilipitishwa mwaka 1935, kabla risasi hazijalia. Seyid Rıza, kiongozi wa watu wa Dersim, alinyongwa Novemba 1937, lakini mauaji makubwa zaidi yalikuja mwaka uliofuata, viongozi wakiwa wameshazikwa. Mwaka 2011 Erdoğan, akiwa waziri mkuu, aliomba radhi akiwa na hati ya serikali mkononi iliyotaja waliouawa 13,806, na wapo wanaosema idadi ilikuwa kubwa zaidi. Kumbuka pia kwamba Julai 1937, Dersim ikiwaka, Uturuki, Iran, Iraki na Afghanistan zilitia saini mkataba wa Saadabad, ambamo kila moja iliahidi kuzuia magenge yenye silaha yasijikusanye kwake dhidi ya mwenziwe.

Sasa nifike Mahabad, ambako nakuomba univumilie. Katika Vita Kuu ya Pili jeshi la Kisovyeti lilikalia kaskazini mwa Iran, na chini ya kivuli chake mji huu mdogo ukapata nafasi. Tarehe 22 Januari 1946, katika uwanja wa Chwar Chira, Qazi Muhammad, kadhi wa mji na mtu wa nyumba ya elimu, alisimama akiwa amevaa sare ya kijeshi ya mtindo wa Kisovyeti na kilemba cheupe kichwani, akatangaza jamhuri. Vazi hilo linasema mengi kuliko hotuba. Kwa miezi michache watoto walisoma kwa Kikurdi, mtambo wa kuchapia ukatoa gazeti, na Mustafa Barzani, kiongozi wa Wakurdi wa Iraki aliyekimbia huko na watu wake mwaka uliotangulia baada ya uasi wake kushindwa, akawa mhimili wa jeshi. Mei 1946 Warusi wakaondoka, kwani Moscow ilikuwa imeahidiwa mafuta na Tehran, mafuta ambayo bunge la Iran lilikuja kuwanyima. Desemba jeshi la Shah likaingia Mahabad bila vita. Qazi alikuwa na nafasi ya kukimbia, lakini alibaki ili mji wake usiadhibiwe, na alfajiri ya tarehe 31 Machi 1947 akanyongwa katika uwanja uleule wa Chwar Chira, yeye na nduguye Sadr na binamu yao Seif. Mitambo ya kuchapia ilifungwa na vitabu vya Kikurdi vikachomwa.

Barzani hakusalimu amri. Akiwa na watu wapatao 500 alipenya kati ya majeshi ya nchi tatu hadi akauvuka mto Aras na kuingia Umoja wa Kisovyeti, akakaa huko miaka 11. Maofisa wanne Wakurdi wa jeshi la Iraki waliokuwa pamoja naye, na waliorudi kwa kutumaini msamaha, walinyongwa Baghdad. Alirejea mwaka 1958 baada ya Jenerali Qasim kuupindua ufalme wa Iraki, akapokewa kama shujaa, na Septemba 1961 vita vikaanza upya. Tarehe 11 Machi 1970 alipatana na Baghdad juu ya utawala wa ndani, lakini Kirkuk yenye mafuta ikabaki bila mwenyewe, na mwaka 1974 wakapigana tena, safari hii Wakurdi wakipewa silaha na Shah wa Iran na fedha na Marekani.

Hapa ndipo hoja yangu inapoonekana waziwazi. Tarehe 6 Machi 1975, huko Algiers, Shah na Saddam Hussein wa Iraki walikubaliana mpaka wao katika Shatt al-Arab upite kwenye kina cha mkondo, kama Iran ilivyotaka. Ni mto uleule wa Basra ambako majahazi ya tende yalianzia safari ya kuja Mombasa na Unguja. Bei ya mto huo ilikuwa Wakurdi. Mizinga ya Iran iliondolewa mstari wa mbele, mpaka ukafungwa, na uasi wa miaka 14 ukaanguka katika muda wa majuma machache tu. Kamati ya Baraza la Wawakilishi la Marekani ilikuja kugundua kwamba wafadhili hawakutaka Wakurdi washinde kamwe. Walitaka tu Iraki ichoke, na jambo hilo hawakuambiwa Wakurdi wenyewe. Barzani alifariki Washington mwaka 1979.

Lakini nisiwatwishe wageni lawama yote. Katika miaka ya 1960 kundi la Ibrahim Ahmad na Jalal Talabani lilimwacha Barzani na likafikia kupigana naye upande wa Baghdad. Mwaka 1983 Saddam aliwachukua wanaume wa ukoo wa Barzani, maelfu kadhaa, na hawakurudi. Mwaka 1988 aliupiga mji wa Wakurdi wa Halabja kwa gesi ya sumu. Machi 1991, aliposhindwa Kuwait, uasi ulianzia mji wa Ranya ukafika Kirkuk, ukazimwa kwa helikopta, na watu zaidi ya milioni moja wakakimbilia milimani. Mara hii, kwa nadra sana, nchi za nje zililinda anga, na Mei 1992 Wakurdi wa Iraki wakapiga kura kuchagua bunge lao. Miaka miwili baadaye vyama vyao vikuu viwili, cha akina Barzani na cha Talabani, vilikuwa vinauana, na tarehe 31 Agosti 1996 Masoud Barzani, mtoto wa Mustafa, akaliita jeshi la Saddam yuleyule limsaidie kuutwaa mji wa Erbil. Hili milima haihusiki nalo.

Karne ilipokaribia kwisha, mambo haya yalibisha hodi Nairobi. Abdullah Öcalan, ambaye chama chake cha PKK (Chama cha Wafanyakazi wa Kurdistan) kilianza vita na Uturuki Agosti 1984, alikuwa amehifadhiwa Syria kwa karibu miaka 20. Oktoba 1998 Ankara ilitishia vita, Damascus ikamfukuza na kutia saini mapatano ya Adana ya kutoipa tena PKK hifadhi. Alihangaika Urusi, Italia na Ugiriki, na tarehe 2 Februari 1999 akaingia Kenya, akafichwa katika makazi ya balozi wa Ugiriki. Tarehe 15 alitolewa akidhani anapelekwa kupanda ndege ya kwenda nchi nyingine, na jioni yake akawa mikononi mwa Waturuki. Hukumu ya kifo ilisomwa tarehe 29 Juni, siku ileile aliyonyongwa Sheikh Said, ingawa mwaka 2002 ilibadilishwa kuwa kifungo cha maisha.

Wakurdi wa Syria sikuwagusa, maana kwao karne ile ilikuwa zaidi ya kunyimwa uraia kuliko ya kushika bunduki, na habari zao zinastahili barua ya peke yake. Nitaiandika utakaponijibu hii, na nisingependa unijibu kwa kukubali tu.

Wasalaam,
Sahibu yako