Oili ya gia si maji ya bomba

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi niwasemeshe wauza vipuri wa hapa Tanga. Nina Nissan Note ya mwaka 2008, gia yake CVT, yaani aina ya otomatiki inayotumia mkanda. Mwezi uliopita nilikwenda dukani Ngamiani kutafuta oili ya gia boksi. Kijana akanipa ile nyekundu ya otomatiki za kawaida. "Mzee, oili ni oili, zote zinateleza." Nami, kwa kupenda rahisi, nikaitia.

Nilipopandisha Amani kutoka Muheza, injini ikaunguruma, gari ikawa inajivuta kama punda aliyegoma. Kumbe kutoteleza ndiko kunakotakiwa. Ndani ya CVT mna mkanda wa chuma unaobanwa na puli mbili, na oili yake imetengenezwa ili chuma kishike chuma. Mkanda ukiteleza, unakwaruza puli, na hapo andaa fedha ya gia boksi nyingine.

Fundi wangu wa Chumbageni alinionyesha kijiti cha kupimia: kimeandikwa NS-2 waziwazi, ndiyo oili ya CVT ya Nissan! Ilibidi tumwage mara tatu, maana ukifungua nati ya chini hutoka sehemu tu, nyingine hubaki ndani. Kila mara tukapima kilichotoka kwa chupa za maji, tukarudisha kiasi kilekile cha NS-2. Mke wangu hadi leo anauliza hela ya karo imekwenda wapi.

Wauzaji, ulizeni kwanza gari ni ya gia gani.

Mstaafu,
Raskazone, Tanga