Tunaokusanya FLAC haturingi, tunahifadhi

Mhariri,

Nimesoma ile makala yenu kuhusu watu wanaokusanya teki za studio za albamu za zamani za roki, yani yale majaribio ya kurekodi wimbo ambayo hayakuingia kwenye albamu, na mwandishi kamaliza kwa kutucheka eti tunajaza diski mafaili makubwa ya FLAC, yale yanayobana sauti bila kukata kitu, wakati MP3 inayokata kidogo ili faili liwe dogo inatosha na sikio la mtu halijui tofauti. Hapo ndo naomba nafasi kidogo.

Kuhusu sikio wala sibishani, MP3 ya 320 kbps, ile ya kiwango cha juu, ikitengenezwa vizuri hata mimi ukiniwekea bila kuniambia nitabahatisha tu. Ishu ni kuhifadhi. Albamu yenyewe ikipotea unanunua nyingine, masta, ile rekodi halisi ya mwisho, ipo kwa kampuni na wanaitoa upya kila wakijisikia. Sasa teki iliyochoropoka studio kwa njia za panya je? Unakuta kopi waliyonayo mashabiki ndo hiyohiyo, ukishaibana kuwa MP3 kilichokatwa hakirudi, afu mwingine anaichukua anaipunguza kelele anaibana tena, wa tatu naye hivyohivyo, mpaka matoazi yanasikika kama mtu anafagia majani makavu. FLAC ipo tangu 2001, ni bure, inapunguza faili la CD karibu nusu na ukilifungua kila biti iko palepale.

Na teki zenyewe si takataka jamani. Strawberry Fields Forever ya Beatles tunayoijua imeungwa kutoka teki mbili, ya 7 na ya 26, spidi mbalimbali na kii (ufunguo wa muziki) mbalimbali, prodyuza George Martin na fundi sauti Geoff Emerick wakachezea spidi ya tepu mpaka zikakubaliana, kiungo kiko kama dakika moja hivi ndani. Sikiliza teki ya 1, iliyotoka kwenye Anthology 2, mkusanyiko wa Beatles wa rekodi kama hizi, mwaka 1996, imetulia haina makorokoro, ndo utajua wimbo ulitokea mbali. Au Smile ya Beach Boys, iliachwa 1967 na mashabiki wakawa wanajiungia wenyewe kwa vipande vya magendo hadi kampuni ilipofungua kabati mwaka 2011.

Halafu mwandishi anasema tusubiri matoleo halali. Sawa, Desemba 2013 zilitoka nyimbo 59 za Beatles za mwaka 1963, sababu kubwa ni sheria ya Ulaya, rekodi isiyotolewa ndani ya miaka 50 haipati ule ulinzi wa hakimiliki wa miaka 70, na wakaziweka iTunes tu, duka la mtandaoni la Apple, yani mafaili yaliyobanwa kwa kukatwa! Mwenye mali mwenyewe kakupa iliyokatwa, unamcheka shabiki wa nini?

Ambacho angekiandika akatusaidia ni FLAC feki, mtu anachukua MP3 anaigeuza FLAC anaigawa kama dhahabu. Ukiifungua kwenye spektogramu, picha inayoonyesha sauti za chini hadi za juu, mara nyingi unaona sauti za juu zimekatika ghafla kwenye 16 kHz, ingawa na hapo usikimbilie kuhukumu, maana kaseti iliyokopiwa mara nyingi nayo haina sauti za juu, ila yenyewe hufifia taratibu haikatiki wima. Ndo maana tunadai maelezo, ilitoka tepu gani, kopi ya ngapi, imepitia mashine na programu zipi. Asiyeweza kunijibu hayo silichukui faili lake hata aseme ni la biti 24, kiwango kinachozidi cha CD.

Msomaji wenu