Mdogo wangu, anza na nyusi

Mdogo wangu,

Picha yako nimeiona. Nimeikuza mpaka ikawa vumbi tupu, kisha nikazima taa ya chumbani nikaitazama tena gizani, maana uso wa jukwaani hautazamwi mchana. Macho umeyaweza. Shingo umeisahau: ina rangi yake na uso una rangi yake, kama majirani wasiosalimiana. Ila kilichonikalisha chini niandike ni nyusi. Zile ulizochora ziko juu, nzuri kabisa, na chini yake zile ulizozaliwa nazo zinachungulia. Una nyusi nne.

Siku mbili baadaye mama mdogo akanipigia. Nilijua ni habari yako, nikajiandaa kwa maswali ya gauni na wigi. Hakuuliza hata moja. Alisema tu, "Mwenzako anataka kuacha kazi. Sasa atakula nini?" Nikamwambia nitamjibu. Mpaka leo sijamjibu, kwa sababu jibu ni refu na sehemu kubwa inakuhusu wewe kuliko yeye. Naliweka hapa hadharani kwa kuwa si wewe peke yako. Kila mara napata ujumbe wa mtu aliyejipaka mara tano chumbani kwake na tayari anatafuta maneno ya barua ya kuacha kazi.

Kwa msomaji anayepita tu: dragi ni sanaa ya jukwaani ambayo mtu hujijenga akawa mwingine, mara nyingi mwanamume akitoka kama mwanamke aliyetiwa chumvi, kwa mavazi, wigi, mekapu, mdomo unaofuatisha wimbo na maneno ya kuchokoza ukumbi. Akishavua, maisha yake ni yake. Na wanaouliza tumwite nani "he" na nani "she", wakamsumbue Mwingereza. Sisi kwetu amekuja, ameimba, ameondoka.

Haya, nyusi. Ulizozaliwa nazo zinalazwa kwa gundi, zinafunikwa, ndipo unachora mpya.

Gundi unayoitaka ni ile ya kijiti, ya watoto wa shule, inayotoka kwa maji. Gundi ya kope za bandia hapana. Ile ya kubandikia wigi ndiyo kabisa hapana. Ukiitia kwenye nyusi mtaagana nazo. Futa nyusi kwanza zitoke mafuta, maana gundi haishiki kwenye mafuta. Paka ukienda kinyume cha nywele ili ifike mpaka kwenye ngozi, kisha zichane zielekee juu, zilale bapa, uzikandamize kwa mgongo wa kijiko. Halafu subiri. Hapa ndipo wote mnapoharibu. Mnasubiri dakika moja, mnaweka tabaka la pili juu ya la kwanza ambalo bado bichi, mnamalizia kwa poda nyingi ya kuficha dhambi. Ukipanda jukwaani jasho likaanza, kitu chote kinavimba na kumenyuka kama rangi ya ukuta uliopata unyevu. Weka matabaka matatu membamba, kila moja likauke kabisa. Baada ya hapo poda, kisha rangi ya chungwa kidogo ya kuua weusi wa nywele, poda tena, ndipo fondesheni, nayo uigonge kwa sponji bila kuiburuta. Ukipitisha kidole usisikie kitu. Kama unasikia kitu, mtu wa kiti cha mbele anakiona.

Kivuli cha ndevu ni mambo hayo hayo. Umekifunika kwa fondesheni nzito, ndiyo maana kidevu chako kimekuwa cha kijivu. Kijivu na samawati hazifunikwi, zinauliwa kwanza kwa rangi iliyo kinyume chake, na kadiri ngozi inavyokuwa nyeusi ndivyo chungwa linavyosogea kuelekea wekundu. Nyoa saa moja hivi kabla ya kuanza, ngozi itulie.

Sasa ukishazifuta nyusi, umepata kiwanja. Kote unakoona jicho kubwa la dragi, ukubwa wake umetoka hapo, kwenye nafasi iliyoongezwa kati ya kope na nyusi mpya. Van Smith, mpambaji aliyembunia uso Divine, yule nyota wa dragi wa Marekani, hakuridhika na nafasi hiyo. Alimnyoa nywele za mbele kurudi nyuma ili apate paji la kuchorea zaidi. Wewe usinyoe kitu. Una ofisi Jumatatu, na nataka uendelee kuwa nayo kwa muda.

Maana hapa ndipo tunapofika kwa mama mdogo na swali lake.

Tufanye hesabu ya usiku mmoja. Uso wangu sasa hivi unanichukua saa mbili na nusu; wakati naanza ulikuwa unakula saa nne. Ongeza wigi, ambalo halijifungi lenyewe wala halijichani. Ongeza nyonga za sponji, soksi ndefu tatu moja juu ya nyingine za kuzificha, koseti ya kubana kiuno, kucha. Ongeza kushona, kwa sababu gauni la dukani halikumfikiria mtu wa mabega yako. Ongeza saa nzima ya kuvua na kusugua. Yote hayo ni kwa nyimbo mbili au tatu, kila moja dakika nne. Malipo ya ukumbi ukiyagawa kwa saa hizo, usimwonyeshe mama yako. Kinachookoa usiku ni watu kukutunza, na kutunzwa ni kama mvua: kuna usiku unarudi na mkoba umejaa na kuna usiku unarudi na ua moja la plastiki.

Na kuna usiku unarudi bila chochote. Ukumbi mmoja nilipanda wikendi tatu mfululizo, meneja akiniambia tutapiga hesabu mwisho wa mwezi. Mwisho wa mwezi ulipofika akatoa daftari: vinywaji vyangu na vya wageni wangu vimezidi malipo, kwa hiyo mimi ndiye ninayedaiwa. Wageni gani? Sikuwa na karatasi, sikuwa na hata ujumbe wa simu unaotaja kiasi. Nilibeba wigi langu nikaondoka, na siku ile nilijifunza kuandika ankara. Sasa hivi nusu inaingia kabla sijafungua sanduku la mekapu. Anayekuambia kwamba utalipwa kwa kujulikana, muulize kama mwenye nyumba wako naye anapokea kujulikana.

Najua unachonijibu. Unanitajia RuPaul, msanii wa dragi wa Marekani. Kweli, tangu kipindi chake cha mashindano kianze mwaka 2009 kazi yetu imebadilika, na yeye mwenyewe mwaka 2016 akachukua tuzo ya televisheni ya Emmy, ya mtangazaji. Simnyimi sifa zake. Lakini kipindi kile kimewafanya vijana waione kazi hii kama foleni ya kwenda kwenye televisheni, na aliye nje ya foleni ajione ameshindwa. Angalia waliopita pale wakajenga kitu. Trixie Mattel alianzisha Trixie Cosmetics mwaka 2019, na Kim Chi naye akaanzisha kampuni yake ya vipodozi mwaka huo huo. Walikuwa na jina, sawa, ila walichoingiza dukani ni poda na rangi ya mdomo.

Wala hawakuwa wa kwanza. Julian Eltinge, Mmarekani, aliigiza kama mwanamke mwanzoni mwa karne ya 20, akapendwa mpaka mwaka 1912 ukafunguliwa ukumbi mjini New York wenye jina lake. Alikuwa na jarida la urembo, na aliwauzia wanawake krimu ya uso. Fikiria: mtu anakuja kumtazama mwanamume akiwa mwanamke, anatoka anataka kujua amejipaka nini. Ni zaidi ya miaka 100 iliyopita na bado ndiyo biashara ninayoifanya mimi. Mwisho wake haukuwa mzuri. Alipozeeka, Los Angeles ilikuwa imekataza wanaume kuvaa mavazi ya kike hadharani, hivyo akapanda jukwaani na suti, magauni yake yakiwa yametundikwa kando, akawa anaigiza huku akiyaonyesha. Alikufa mwaka 1941. Ile picha ya magauni yaliyotundikwa huwa inanijia ninapopokea mwaliko wa mji nisioujua. Uliza sheria ya mahali kabla ya kufunga sanduku. Kuna sehemu utapigiwa makofi na kuna sehemu utalala ndani.

Kwa hiyo atakula nini? Atakula kwa nyuso za watu wengine. Ndiyo jibu, na ndilo usilotaka kulisikia, kwa sababu unajipenda wewe kwenye kioo. Si kosa, sote tulianzia hapo. Lakini uso wako unaujua mmoja tu. Una jicho lako, pua yako, ngozi yako ya mafuta. Akikaa mbele yako mama wa miaka 60 mwenye kope zilizolegea, huna pa kushika.

Mimi niliingia kwenye upambaji nikijidai. Nilishafuta taya la mwanamume mzima, bibi harusi atanishinda? Nikampaka kama ninavyojipaka: kontua, yaani vivuli vya kuchonga uso, ya kuonekana mpaka kiti cha mwisho, mkunjo wa jicho umechorwa mstari mkali, mdomo umetoka nje ya mpaka wake, chini ya macho nimemwaga poda nyeupe na kuiacha iokwe kama mkate. Nikasimama pembeni najisifu. Mama yake akaingia chumbani, akatazama kushoto, akatazama kulia, akauliza, "Bibi harusi yuko wapi?" Bibi harusi alikuwa amekaa mbele yake, ana kwa ana. Hakuna aliyecheka. Tukapunguza tulivyoweza, muda umeshatutupa mkono. Picha zilipotoka ndipo msiba ulipokamilika. Ile poda ilikuwa na silika, unga wa madini ambao kwa macho hauonekani ila flashi ya kamera ikiupiga unarudisha mwanga. Kila picha ya usiku ana miduara miwili myeupe chini ya macho kama aliyepulizwa unga. Pesa nilirudisha yote. Picha zile bado ziko ukutani kwake.

Ilinichukua muda kuelewa nilichokosea, na poda ilikuwa sehemu ndogo. Sisi wa jukwaani tumezoea kufuta. Tunafuta nyusi, tunafuta ndevu, tunafuta mdomo, tukishabaki na ukuta mtupu tunachora mtu. Mteja hakuja kufutwa. Amekuja na uso wake na anataka kuondoka nao. Mkono unaojua kujenga taya kutokana na rangi mbili za hudhurungi lazima ujifunze kuliacha taya la mtu lilivyo, na kuacha ni kugumu kuliko kupaka, nakuapia. Nilikaa mwaka mzima nikiwapaka watu bure, mashangazi, wauguzi wanaotoka zamu, yeyote aliyekubali kukaa dakika 40, na sharti langu lilikuwa moja: wakitoka mtu asiwaulize wamepakwa na nani.

Lakini usiache jukwaa. Jukwaa ndilo lililonipa jicho la kuona mfupa ulipo chini ya ngozi, na ndilo linaloleta wateja. Wengi wananiona Jumamosi usiku nina kope za vidole viwili, Jumanne wananipigia kuulizia harusi.

Mambo madogo, haraka. Mascara ya kwako isiguse jicho la mtu mwingine kamwe. Mteja apate brashi ya kutupa, na haichovywi mara ya pili. Rangi ya mdomo ikwanguliwe kwa kijiko cha chuma, iwekwe kwenye sahani, ipakwe kutoka hapo. Brashi zioshwe, na kati ya mteja na mteja spiriti ya asilimia 70. Vimetameta vya kazi za mikono za shule usiviweke karibu na jicho, hata kama vinang'aa kuliko vya mekapu. Vinaweza kukwaruza mboni. Nimekaa na mwenzangu hospitali usiku kucha kwa ajili ya kijiko kimoja cha vimetameta. Na ulale. Ngozi ya picha yako haijalala.

Mwambie mama mdogo hutaacha kazi mwaka huu. Mwambie mimi ndiye niliyesema. Akiuliza mwaka ujao, mwambie inategemea daftari lako: andika kila kilichoingia na kila kilichotoka, mpaka gundi, mpaka nauli. Miezi sita mfululizo mekapu pekee ikilipa pango, bila jukwaa, tutazungumza, na mimi nitakuwa wa kwanza kukusaidia kuandika hiyo barua.

Jumamosi njoo kwangu saa nane mchana. Umenyoa, hujapaka kitu, hata mafuta. Njoo na gundi yako nione ni ipi. Na usije peke yako. Njoo na mama mdogo. Wewe utakaa pembeni uangalie, yeye ndiye nitakayempaka.