Salamu za Krismasi na Mwaka Mpya kwa wapiga chapa wenzangu na wateja wetu

Ndugu zangu wapiga chapa, wateja wetu na jamaa wote, nawatakia heri ya Krismasi na fanaka za Mwaka Mpya wa 2024. Tunamshukuru Mwenyezi Mungu aliyetuvusha katika mwaka ambao dola imekuwa adimu, wino na karatasi vimepanda bei kila uchao, na waliozoea kuagiza kalenda za ofisi nzima wameomba chache za kugawia wakubwa tu.

Mwaka huu fani yetu imefiwa pia. Tarehe 19 Agosti alifariki huko Marekani John Warnock, mwanasayansi wa kompyuta aliyeasisi Adobe, kampuni ya programu za kompyuta, pamoja na Charles Geschke, ambaye alitangulia mwaka 2021. Wengi wetu hatukulijua jina la Warnock, ingawa kazi yake hupita mikononi mwetu kila siku. Kijana huyo aliyefeli aljebra darasa la tisa ndiye aliyepata shahada ya uzamivu Chuo Kikuu cha Utah mwaka 1969. Baadaye, katika maabara ya kampuni ya Xerox, yeye na Geschke walibuni lugha ya kuielekeza printa. Kampuni ilipositasita kuitoa, waliondoka na kuanzisha ya kwao mwaka 1982, Warnock akiwa na miaka 42.

Lugha yao mpya, PostScript, ilieleza herufi kwa mistari na mikunjo ya kihisabati, hivyo herufi ileile ikaweza kukuzwa au kupunguzwa na bado ikatoka safi. Ilipoingia katika printa ya leza ya Apple mwaka 1985, kazi iliyohitaji chumba kizima cha herufi za risasi ikaanza kufanyika mezani. Kisha mwaka 1991 Warnock akaandika pendekezo aliloliita Camelot, akitafuta njia ya hati kutoka kompyuta moja hadi nyingine bila kuharibika sura, na kutokana nalo PDF, muundo wa faili za hati, ikatolewa mwaka 1993. Mwanzoni hata programu ya kuisomea iliuzwa. Baadaye ikatolewa bure, na mwaka 2008 PDF ikawa kiwango cha kimataifa.

Nayaandika haya nikimkumbuka fundi wetu mzee tuliyemzika mwezi Julai, aliyenifundisha kupanga herufi za risasi kinyumenyume. Siku alipoona kadi ya harusi iliyotumwa kwa PDF kutoka mji mwingine ikitoka vilevile ilivyopangwa, hakuinung'unikia mashine. Aliikagua nafasi kati ya herufi, akasema aliyeipanga ni fundi. Msimu huu wa kalenda namkosa mno, kwa kuwa hakuna kosa la tarehe lililowahi kumpita.

Vijana wangu, Warnock alihangaikia jambo moja maisha yake yote: neno la mtu limfikie mwenzake kama lilivyotoka mkononi mwake. Basi msiikatie tamaa hesabu kwa sababu mliwahi kuanguka. Mteja akilipia karatasi ya gramu 80, asipewe ya 70. Mkikabidhiwa cheti, wosia au tangazo la msiba, litunzeni kama amana, msome kila jina mara mbili kabla ya kubonyeza, maana aliyewaletea hana njia ya kuwakagua zaidi ya kuwaamini, na Mungu anayaona hata yanayofanyika nyuma ya mashine.

Kalenda zilizoagizwa ziko tayari. Tutafunga tarehe 25 na 26. Tunawaombea nyote, pamoja na familia zenu, amani, afya njema na baraka tele.